Hoja za Kuacha Lutuku Anazo Mnywaji

Lubumbashi ni mji uliolelewa kwa amri. Wabelgiji waliuanzisha mwaka 1910 kwa jina la Élisabethville, miaka minne baada ya kuundwa kwa Union Minière du Haut-Katanga, kampuni iliyokuja kuchimba shaba. Mwishoni mwa miaka ya 1920 kampuni iliacha kutegemea vibarua wa mkataba mfupi, ikaanza kuwaweka wafanyakazi kambini pamoja na wake na watoto wao. Tangu hapo hata mambo ya jikoni yakawa na msimamizi. Posho ya unga ilipimwa, watoto walipimwa uzito, na akina mama walifundishwa kushona na kutunza nyumba kwa namna iliyompendeza mwajiri. Aliyeutii utaratibu alitunzwa, na aliyeuvunja aliadhibiwa.

Kampuni hiyo ilirithiwa na Gécamines, nayo Gécamines ikaporomoka katika miaka ya 1990. Mwaka 2003 ulianza mpango wa "kuondoka kwa hiari", uliogharimiwa kwa fedha za Benki ya Dunia, na wafanyakazi zaidi ya 10,000 wakapewa kiinua mgongo na kwenda zao. Posho ilikwisha, lakini mazoea ya kufundisha watu namna ya kuishi yamebaki. Mapadri na wachungaji wana mafundisho yao, redio inayo, na hata kundi la maigizo la Mufwankolo, ambalo limeuchekesha mji huu kwa miongo mingi, mara nyingi halimwachi mtazamaji aende nyumbani bila fundisho. Kwa hiyo muuguzi wa Katuba au wa Kenya (hizi ni komini za Lubumbashi; Kenya hii si nchi) anapomkuta mbele yake baba mwenye macho mekundu na ini lililovimba, maneno yanamtoka yenyewe: "Baba, lutuku itakuua. Acha."

Lutuku ni pombe kali inayokenekwa majumbani kwa mahindi na mihogo. Ni rahisi kuipata na ni rahisi kuilipia. Mara nyingi wanaoipika ni akina mama wanaotafuta hela ya chakula, kwa hiyo huwezi kuizungumzia kama adui aliyetoka mbali. Na yule baba, akishaambiwa aache, atamwita muuguzi munganga, yaani daktari, na kujibu karibu vile ambavyo watu wote hujibu: "Munganga, baba yangu alikunywaka mpaka akazeeka. Bila ile, usingizi inatoka wapi?"

Tuyatazame majibu hayo vizuri. Kabla ya kuingia chumbani, mtu huyu alikuwa na mawazo mawili. Moja lilimwambia pombe inamharibia nyumba, la pili likamwambia bila pombe usiku haupiti. Muuguzi amelichukua lile la kwanza akalisema yeye. Limebaki la pili, na mgonjwa analisema kwa bidii, na kila anapolisema anazidi kuliamini.

Kwamba jambo hili linaweza kupimwa lilionekana mwaka 1985, wakati Gerald Patterson na Marion Forgatch walipochapisha utafiti uliofanywa Oregon, Marekani. Walikuwa wakiwafundisha akina mama wenye watoto watundu kupita kiasi. Katika sehemu ya utafiti huo, mtaalamu aliombwa abadilishe mwendo katikati ya kikao: kwa muda fulani afundishe na kusahihisha, kisha aache, kisha arudie. Alipofundisha, ubishi wa mama ulipanda. Alipoacha, ulishuka. Tumezoea kusema mgonjwa fulani ni mbishi, kana kwamba ubishi ni tabia aliyozaliwa nayo. Hapa sehemu yake ilikuwa ikitengenezwa papo hapo na mtu aliyelipwa ili aupunguze.

Mtu aliyelifanyia jambo hili kazi ya maisha ni William Miller, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha New Mexico. Mwaka 1982 alikuwa Norway, karibu na mji wa Bergen, akizungumza na wanasaikolojia vijana waliowatibu walevi. Walimwomba asiwahubirie nadharia, aonyeshe anavyofanya. Wao wakaigiza wagonjwa wao wagumu, naye akazungumza nao, na kila mara walimkatiza. Kwa nini umeuliza hilo? Kwa nini neno lile umeliacha likapita? Katika kujibu aligundua kwamba alikuwa akifuata kanuni ambazo hajawahi kuziandika. Aliziandika, na makala ikatoka mwaka 1983. Baadaye alikutana Australia na Stephen Rollnick, mzaliwa wa Afrika Kusini aliyekuwa akifanya kazi Wales, na mwaka 1991 wawili hao wakatoa kitabu. Kwa Kiswahili tunaweza kuiita mbinu hiyo mazungumzo ya kuamsha ari. Lubumbashi, ambako masomo ya chuo ni ya Kifaransa, itaitwa entretien motivationnel.

Kiini chake ni kwamba hoja za kubadilika zitoke kinywani mwa anayetakiwa kubadilika. Ni rahisi kuieleza na ni ngumu kuitenda, kwa hiyo nimrudishe yule baba wa Katuba na kumpa muuguzi mwingine. Mazungumzo haya nimeyatunga, kwa Kiswahili cha Lubumbashi, ila yanafuata mwendo wa mbinu yenyewe:

"Baba, lutuku inakusaidia nini?"

"Inanipa usingizi. Kazi hakuna, mawazo ni mingi."

"Usiku mawazo inakuya, na lutuku njo inakulalisha."

"Njo vile. Lakini asubuhi mikono inatetemeka. Na batoto banakimbia nikiingia mu nyumba."

"Batoto banakuogopa, na ile inakuuma."

"Inaniuma sana, munganga. Franga ya masomo yabo njo nakunywa."

Muuguzi ameuliza mara moja tu. Mara mbili zilizofuata alirudisha alichosikia, akasogea hatua moja mbele ya maneno ya mgonjwa, bila kuuliza na bila kukaripia. Alianza na faida za lutuku, jambo ambalo wengi wataliona ni wazimu, kumbe ndilo lililomwondolea mgonjwa haja ya kuitetea. Na ile sentensi ya karo, ambayo muuguzi wa kwanza angeitumia kama rungu, imesemwa na baba mwenyewe.

Watafiti huziita sentensi za aina hiyo kauli za mabadiliko, na wamezihesabu katika kanda za vikao vingi. Mtaalamu wa saikolojia ya lugha Paul Amrhein na wenzake, katika utafiti wa mwaka 2003 juu ya watumiaji wa dawa za kulevya, walionyesha kwamba nguvu ya ahadi anayojiwekea mtu kwa maneno yake, hasa kuelekea mwisho wa kikao, inaendana na anachofanya miezi inayofuata. Miller mwenyewe, katika utafiti wa mwaka 1993, aliona upande wa pili: kadiri mshauri alivyomkabili mnywaji, ndivyo mnywaji alivyokunywa zaidi mwaka mmoja baadaye. Matokeo haya ya mwisho yangefaa kubandikwa ukutani katika kila chumba cha ushauri, makanisani pia.

Liko swali moja la mbinu hii ambalo linafundishika kwa dakika chache. Muulize mtu, kutoka 0 mpaka 10, anaona kuacha ni muhimu kiasi gani. Akisema 4, wengi tutauliza, mbona siyo 8? Hapo atakupa sababu zote za kutoacha. Muulize badala yake kwa nini amesema 4, asiseme 1. Kulijibu swali hilo kunamlazimu ataje sababu za kuacha.

Lakini yule baba ametaja pia mikono inayotetemeka asubuhi. Muuguzi asiipite kauli hiyo kwa sababu anawinda kauli za mabadiliko. Mnywaji wa kiwango hicho akikata pombe ghafla anaweza kupata degedege, na huweza kufa. Hapa ushauri wa kitabibu ni lazima, na mbinu ina njia yake ya kuutoa. Kwanza omba ruhusa na uulize anachokijua, kisha mpe habari kwa ufupi, halafu umuulize anaionaje. Mgonjwa wa namna hii atahitaji hospitali, kama Sendwe, au kituo cha magonjwa ya akili cha Joseph Guislain cha Mabruda wa Upendo. Maneno peke yake hayamtoshi.

Je, haya yanafanya kazi kwetu, mbali na Norway na New Mexico? Mfano wa karibu na Lubumbashi uko ng'ambo ya mpaka wa Kasumbalesa, na haukuhusu pombe hata kidogo. Ulihusu maji. Mwishoni mwa miaka ya 1990, huko Kitwe katika ukanda wa shaba wa Zambia, kaya zilijaribishwa kutia maji dawa ya klorini na kuyahifadhi katika chombo salama, na kuhara kukapungua kwa karibu nusu. Dawa ilikuwapo na ilikuwa ya bei ndogo. Kazi ilibaki kuwafanya watu wainunue tena chupa inapokwisha. Angelica Thevos na wenzake wakawafundisha wahamasishaji wa jamii nchini Zambia mazungumzo ya kuamsha ari, na taarifa yao ya mwaka 2000 ilionyesha kwamba walikopita wahamasishaji hao, dawa ilinunuliwa zaidi kuliko kulikotolewa elimu ya kawaida ya afya. Wahamasishaji hao hawakuwa wanasaikolojia. Walikuwa majirani, sawa na wale ambao Kongo inawaita RECO, wanaozunguka mitaani kipindupindu kinapoingia Lubumbashi wakiwahimiza watu watie javel, yaani dawa ya klorini, katika maji. Mimi nauona utafiti huu kuwa na uzito zaidi kwa jimbo letu la Haut-Katanga kuliko tafiti nyingi kubwa za Ulaya, ingawa hautajwi sana.

Mombasa walijaribu kwa pombe. Wanawake 818 wanaofanya biashara ya ngono, waliokuwa wakinywa kwa kiwango cha hatari ila bado hawajawa mateka wa pombe, waligawanywa makundi mawili. Kundi moja lilipata vikao sita vya ushauri juu ya pombe, kimoja kwa mwezi, kwa mtindo unaokaribiana sana na huu. La pili lilipata vikao idadi ileile juu ya lishe. Waliozungumza juu ya pombe walipunguza kunywa kuliko wenzao, na tofauti hiyo ilikuwa bado ipo miezi kadhaa baada ya vikao kwisha. Maambukizi ya magonjwa ya zinaa, hata hivyo, hayakutofautiana. Moshi, katika hospitali ya KCMC, wauguzi wamefundishwa mazungumzo mafupi ya Kiswahili yanayoitwa Punguza Pombe kwa Afya Yako, kwa ajili ya majeruhi wanaoletwa idara ya dharura. Wakati umechaguliwa vizuri, kwa sababu mtu mwenye mguu uliovunjika baada ya kunywa huwa tayari ameanza kujiuliza maswali.

Kampala ilitoa matokeo yasiyopendeza. Watu 337 wanaoishi na virusi vya UKIMWI na wanaokunywa pombe walipangwa kwa kura, nusu wakapata kikao kimoja cha mbinu hii na nusu ushauri wa kawaida. Wote walipunguza. Kwa jumla mbinu haikuushinda ushauri, ingawa kwa wanawake peke yao iliushinda. Mimi siushangai utafiti huo. Kikao kimoja ni kidogo, na kuulizwa tu juu ya pombe yako na mtu anayekuheshimu ni tiba kiasi fulani, hata kama muulizaji hajui jina la mbinu yoyote.

Ipo pia mipaka ambayo mazungumzo hayawezi kuivuka. Kinshasa, utafiti uliochapishwa mwaka 2014 ulionyesha kwamba wagonjwa wasio na uhakika wa chakula ndio waliokuwa wakiacha zaidi kumeza dawa za virusi vya UKIMWI. Anayeacha dawa kwa sababu zinamkwangua tumbo lisilo na bukari, yaani ugali, hana upungufu wa ari. Muuguzi akisikiliza vizuri atalijua hilo mapema, na hiyo ni faida, lakini atakuwa bado hana unga wa kumpa. Hali ni hiyohiyo kwa mama anayepika lutuku. Ukimuuliza kwa heshima atakueleza hesabu yake yote, mahindi, kuni na karo, na huenda ukatoka kwake umeshindwa wewe.

Tatizo linalonitia wasiwasi zaidi ni mafunzo. Shirika linakuja, linakodi ukumbi, linawafundisha wauguzi kwa siku mbili, linatoa vyeti na kupiga picha. Miller na Kathleen Mount walilijaribu hasa jambo hilo na kutoa matokeo mwaka 2001. Waliohudhuria warsha walitoka na imani kwamba wameiva, lakini kanda za vikao vyao zilionyesha mabadiliko madogo, na wateja wao hawakuonyesha dalili ya kuzungumza tofauti na mwanzo. Utafiti uliofuata mwaka 2004 ulionyesha kilichosaidia: mtaalamu kusikiliza kanda za mwanafunzi na kumrudishia tathmini, pamoja na kumwongoza kwa simu katika wiki zilizofuata warsha.

Lubumbashi hilo linawezekana bila ukumbi. Karibu kila muuguzi ana simu inayorekodi sauti. Kwa idhini ya mgonjwa, kikao cha dakika kumi kinaweza kusikilizwa na mwenzake jioni, akihesabu mambo mawili tu: muuguzi ameuliza mara ngapi, na amerudisha alichosikia mara ngapi. Vigezo vya mafunzo vinamtaka mshauri aliyeiva arudishe walau mara mbili kwa kila swali moja. Msikilizaji awe mtu wa hapohapo, aliyezoea mazungumzo ya Katuba na ya Ruashi, komini nyingine ya mji, maana vigezo vilivyoandikwa kwa Kifaransa havitamwambia ni wapi baba anayecheka akisema "tutaona, munganga" amekubali, na ni wapi amekataa kwa adabu.