Cretons: Nyama ya Kupaka Mkate Kutoka Quebec

Wahenga walisema akiba haiozi. Lakini mama wa nyumbani aliyepata kununua kilo mbili za nyama siku ya mshahara, kisha akaiona ikibadilika rangi siku ya pili, anajua kwamba msemo huo haukukusudiwa nyama. Nyama ni akiba inayooza, tena upesi. Kwa sababu hiyo watu wa kila nchi wamejitafutia njia ya kuila kidogo kidogo bila kuipoteza. Wengine huikausha kwa moshi, wengine huitia chumvi, na wengine huipika pamoja na viungo mpaka ikalainika, wakaipaka juu ya mkate kama siagi.

Juma hili ukurasa wetu wa nyumbani unawaletea njia hiyo ya mwisho, kama ifanywavyo na Wakanada wasemao Kifaransa katika jimbo la Quebec. Chakula hicho wao hukiita cretons, nao hukila asubuhi juu ya mkate uliochomwa, pamoja na haradali kidogo.

Mapishi yenyewe ni ya nyama ya nguruwe. Ndugu zetu Waislamu, na wasomaji wengine ambao imani zao haziwaruhusu kula nyama hiyo, tunawaomba wasilifunge gazeti. Mwishoni tutaeleza namna ya kutumia nyama nyingine, jambo ambalo hata watu wa Quebec wenyewe hulifanya.

Chakula kilichozaliwa katika baridi

Mji wa Quebec ulianzishwa mwaka 1608 na Mfaransa Samuel de Champlain. Walowezi waliomfuata walikuta nchi yenye majira ya baridi marefu na makali. Mpaka leo wastani wa joto la mwezi Januari mjini humo ni kama nyuzi 12 chini ya sifuri. Mwaka 1763 Ufaransa iliikabidhi nchi hiyo kwa Uingereza, lakini wakulima wake waliendelea kushika lugha yao, dini yao ya Kikatoliki na mapishi ya mama zao.

Kwa mkulima wa huko nguruwe alikuwa ndiye akiba ya nyumba. Alinenepeshwa tangu majira ya machipuko, na baridi ilipoingia, kwa kawaida mwezi Desemba kabla ya Krismasi, alichinjwa. Siku hiyo majirani walikuja kusaidia. Damu ilitiwa katika soseji; kichwa kilichemshwa na nyama yake ikagandishwa katika bakuli; miguu ikapikwa mchuzi mzito; mafuta yakayeyushwa kwa matumizi ya mwaka. Hapakuwa na kitu cha kutupwa. Jina lenyewe la cretons hapo kale lilimaanisha vile vipande vidogo vikavu vinavyobaki sufuriani baada ya mafuta ya nguruwe kuyeyushwa.

Palikuwa na desturi nyingine ya kupendeza. Aliyechinja alipeleka sehemu ya nyama kwa wenzake, na sehemu hiyo iliitwa kipande cha jirani. Jirani naye alipochinja wake alirudisha wema. Kwa kupeana zamu hivyo, kila nyumba ilipata nyama mbichi mara nyingi zaidi kuliko ambavyo nguruwe mmoja angeweza kuipatia.

Kati ya miaka ya 1840 na 1930 Wakanada Wafaransa wapatao 900,000 walihamia Marekani, wengi wao wakitafuta kazi katika viwanda vya nguo vya majimbo ya kaskazini mashariki. Walikwenda na sufuria zao. Katika miji ya Maine na New Hampshire wajukuu wao bado hutengeneza chakula hiki, ingawa wengi wao hukiita gorton.

Na ndani ya sufuria hiyo ya baridi kuna kiungo tunachokifahamu sana huku kwetu, nacho ni karafuu. Asili yake ni visiwa vya Maluku huko Indonesia, nayo ililetwa Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, hata Unguja na Pemba zikawa mashuhuri duniani kwa zao hilo. Mtu wa pwani akinusa cretons ikichemka atadhani amesimama karibu na jamvi la karafuu zinazoanikwa.

Kosa nililolifanya

Mapishi haya nilifundishwa nilipokuwa katika chuo cha ualimu, na mwalimu mmoja mzaliwa wa Quebec. Alitueleza jinsi bibi yake alivyoyaweka mabakuli ya cretons katika baraza ya nyuma ya nyumba, yakakaa siku nyingi bila kuharibika. Niliandika kila neno katika daftari langu.

Miaka ilipita, nikapata kazi na nyumba ya serikali, nikaamua kuyajaribu. Nilipika Jumamosi jioni. Nyama ilitoka vizuri, watoto wakalamba mwiko. Nilifunika bakuli kwa sahani, nikaliweka kabatini, nikalala nikiwa nimeridhika. Asubuhi tulikula. Kabla ya jua la mchana watoto wangu wawili walikuwa wakitapika na kuharisha, nasi tukashinda zahanati siku nzima tukiwanywesha maji ya chumvi na sukari. Mwenyezi Mungu alitusaidia, wakapona.

Mganga aliponiuliza tulichokula, nilimsomea mapishi yangu kwa fahari. Akaniuliza, "Na huyo bibi wa mwalimu wako, baraza yake ilikuwa na joto gani?" Sikuwa na jibu. Nilikuwa nimenakili mapishi, nikasahau kunakili hali ya hewa. Baraza ya bibi yule ilikuwa jokofu, na kabati langu lilikuwa tanuri la vijidudu.

Kwa hiyo, mpenzi msomaji, katika maelezo yafuatayo usiruke sehemu ya kupoza na kuhifadhi.

Kuchagua nyama

Nunua nyama iliyokaguliwa na kupigwa muhuri na bwana afya. Nyama ya nguruwe inayoonyesha vilengelenge vyeupe vidogo kama punje za mchele isinunuliwe hata ikiuzwa kwa nusu ya bei. Hivyo ni viluwiluwi vya mnyoo tegu. Mtu akila nyama ya namna hiyo isiyoiva vizuri hupata tegu tumboni. Mayai yanayotoka katika choo chake, yakiingia katika maji au chakula, huweza kufanya vilengelenge katika ubongo wa watu wengine na kuwaletea kifafa. Ugonjwa huo upo katika nchi zetu, na kinga yake ni kufuga nguruwe bandani, kutumia choo, kunawa mikono, kukagua nyama na kuipika mpaka iive kabisa.

Chagua nyama ya bega yenye mafuta kiasi cha robo yake. Nyama isiyo na mafuta hutoka kavu, nayo haipakiki.

Mahitaji

Nyama ya nguruwe iliyosagwa, nusu kilo
Maziwa, kikombe 1
Kitunguu maji kidogo 1, kilichokatwakatwa sana
Kitunguu saumu, punje 1, iliyopondwa
Chenga za mkate mkavu, nusu kikombe
Chumvi, kijiko 1 cha chai
Pilipili manga, robo kijiko cha chai
Karafuu ya unga, robo kijiko cha chai
Mdalasini wa unga, robo kijiko cha chai
Kungumanga iliyokunwa, kidogo tu

Karafuu ina nguvu. Usizidishe, maana itafunika ladha nyingine zote.

Namna ya kupika

Tia nyama, maziwa, vitunguu, chumvi na viungo vyote katika sufuria nzito ingali baridi, yaani kabla ya kuiteleka. Changanya kwa mwiko mpaka nyama yote iachane na kuwa kama uji mzito. Hapa ndipo wengi wanapokosea. Ukiikaanga nyama kwanza, hushikana ikawa madonge, na madonge hayo hayataachana tena. Maziwa ya baridi ndiyo yanayoitenganisha.

Teleka juu ya moto wa wastani huku ukikoroga. Ikianza kuchemka, punguza moto. Kama ni jiko la mkaa, ondoa baadhi ya makaa. Funika nusu, uiache itokote polepole kwa muda wa saa moja, ukikoroga mara kwa mara isishike chini. Ikikauka mno, ongeza maziwa au maji kidogo.

Kisha tia chenga za mkate, koroga, na upike kwa dakika 10 zaidi. Chenga hizo hunywa mafuta na maziwa, na ndizo zinazoifanya nyama igande vizuri ikipoa. Onja chumvi. Mwiko ukipitishwa chini ya sufuria uache njia inayojifunga taratibu, hapo imeiva.

Kupoza na kuhifadhi

Gawanya nyama katika mabakuli madogo mawili au matatu, kwa sababu bakuli kubwa hupoa nje likabaki moto katikati. Yasimamishe mabakuli katika karai la maji baridi, uyafunike kwa kitambaa safi. Mvuke ukiisha, yatie katika friji. Kwa vyovyote yasikae nje zaidi ya saa mbili tangu sufuria kuepuliwa. Katika friji chakula hiki kitakaa siku 3 au 4. Katika friza kitakaa miezi miwili.

Tafadhali usidanganyike na mafuta meupe yanayoganda juu. Mafuta hayo hayazuii vijidudu. Wala usifikiri kwamba nyama iliyolala nje itaponywa kwa kupashwa moto asubuhi, kwani baadhi ya vijidudu huacha sumu isiyoondoka hata kwa moto.

Asiye na friji asikate tamaa. Na apike nusu ya vipimo vyetu, wale wote wa nyumbani mara moja, ingali vuguvugu. Itakuwa laini zaidi, lakini ladha ni ile ile. Na ikibaki, na afuate desturi ya Quebec: apeleke kipande cha jirani, saa ile ile.

Faida yake

Nusu kilo ya nyama ikikaangwa huliwa na watu sita kwa mlo mmoja. Ikipikwa hivi hutosha kupaka vipande 16 hadi 20 vya mkate, yaani staftahi ya familia hiyo kwa siku tatu. Askari aamkaye alfajiri kwenda zamu, akala vipande viwili vya mkate wenye nyama pamoja na chai, hatasumbuliwa na njaa mapema kama yule aliyeondoka na chai tupu. Ila asifungashe mkate huo mfukoni kwa ajili ya adhuhuri, kwa sababu tuliyokwisha kuieleza.

Kwa wasiokula nguruwe

Huko Quebec watu hupika pia kwa nyama ya ndama au ya kuku, na chakula hicho huitwa cretonnade. Vipimo ni vile vile. Kwa kuwa nyama hizo hazina mafuta mengi, ongeza vijiko viwili vya chakula vya siagi au samli mwanzoni. Kuku na asagwe pamoja na ngozi yake iliyosafishwa vizuri.

Kila chakula huzaliwa mahali, na mahali pale huwa ni sehemu ya mapishi ingawa hapaandikwi katika orodha ya mahitaji. Anayekileta chakula cha nchi ya baridi katika nchi ya joto sharti ajiulize kwanza atapata wapi ile baridi. Akishajua, na ateleke sufuria kwa amani.

Tukutane tena juma lijalo, Mungu akitujalia.