Chombo cha Kubadili Wakati katika Riwaya ya Isaac Asimov

Makala haya yanachunguza chombo cha kubuniwa kinachoelezwa na Isaac Asimov (1920–1992), mtunzi wa Marekani, katika riwaya yake The End of Eternity iliyotolewa mwaka 1955. Wasomaji wa Kifaransa wanaijua kwa jina la La Fin de l'Éternité. Twauliza mambo mawili: chombo hicho kinajenga jamii ya namna gani, na ni nani anayelipa gharama yake?

1. Chombo na jamii yake

Katika riwaya hiyo, elimu ya kupita ndani ya wakati inagunduliwa katika karne ya 24. Katika karne ya 27 inaanzishwa jamii iitwayo Umilele, ambayo inakaa nje ya wakati wa kawaida. Watumishi wake huchukuliwa kutoka karne zao wangali vijana, wala hawarudi tena kuishi kwao. Husafiri kwa chombo kiitwacho "birika", ambacho hupanda na kushuka katika njia yake kutoka karne hadi karne, kama lifti ya machimboni ishukavyo na wafanyakazi. Nguvu za kukiendesha hutoka katika jua lenyewe, litakapolipuka mwishoni mwa uhai wake.

Umilele husimamia biashara kati ya karne na karne, lakini kazi yake kuu ni kubadili historia. Wataalamu hupiga hesabu ili kupata tendo dogo kabisa litakaloleta faida kubwa kabisa. Kisha Fundi hutumwa kulitenda. Mhusika mkuu, Harlan, ni Fundi. Badiliko lake la kwanza lilikuwa kuharibu klachi ya gari katika karne ya 223. Kwa sababu hiyo kijana mmoja hakufika kwenye somo la mekanika, hakujifunza ufundi wa nguvu za jua, na uvumbuzi fulani ukachelewa miaka 10. Hatimaye vita vya karne ya 224 vikatoweka katika historia.

2. Sarufi ya badiliko

Jambo hili laweza kuelezwa vizuri kwa sarufi ya Kiswahili. Kabla ya tendo la Harlan, tungesema: kijana alifika, vita vilitokea. Baada yake twasema: gari lisingaliharibika, kijana angalifika, na vita vingalitokea. Basi chombo cha Asimov ni chombo cha kugeuza -li- kuwa -ngali-.

Lakini ni nani awezaye kuitamka hiyo -ngali-? Ni watu wa Umilele peke yao, maana ndio wanaohifadhi habari za historia iliyofutwa. Watu wa karne iliyobadilishwa hawajui kwamba kuna majirani waliotoweka, au kwamba wao wenyewe walikuwa na tabia nyingine. Hawawezi kumlilia aliyefutwa, wala kumshukuru aliyewaokoa, wala kumshtaki. Utawala wa Umilele umesimama juu ya jambo hilo: mtawaliwa amenyimwa hata fikra ya kwamba mambo yangaliweza kuwa vingine.

3. Gharama ya usalama

Kila hatari inapoondolewa, huondolewa pia ujasiri ulioambatana nayo. Mara nyingi Umilele ulifuta safari za kwenda kwenye nyota, kwa kuziona kuwa hasara. Noÿs, mwanamke anayependwa na Harlan, ambaye kwa siri ametoka karne za mbali sana, anafichua matokeo: binadamu walipofika kwenye nyota hatimaye, walikuta zimekwisha kukaliwa na viumbe wengine. Wakavunjika moyo, wakatoweka. Basi Harlan anaamua kuuacha Umilele usizaliwe kamwe.

Hata hivyo, mwisho huo una utata. Mwaka 1932 Noÿs ana jukumu la kupeleka barua kwa mtu mmoja nchini Italia, ili aanze majaribio ya urani, na nguvu za atomu zijulikane mwaka 1945 badala ya karne ya 30. Riwaya inalaani uamuzi wa wachache juu ya wengi, kisha inafungwa kwa uamuzi wa watu wawili juu ya wote.

4. Msomaji wa Katanga

Hapo msomaji wa kwetu ana la kuongeza. Asimov anautaja mwaka 1945 kama mlango wa nyota. Hataji madini yalitoka wapi. Sehemu kubwa ya urani iliyotumiwa na Marekani katika kutengeneza mabomu ya kwanza ilichimbwa Shinkolobwe, karibu na Likasi. Mwaka 1940 kampuni ya Union Minière ilikwisha kupeleka New York zaidi ya tani 1,000 za madini hayo. Wachimbaji hawakuambiwa yangetumiwa kwa kazi gani. Tarehe 6 Agosti 1945 bomu la urani liliangushwa Hiroshima.

Hakuna birika la kuturudisha Shinkolobwe ya mwaka 1940. Lakini tofauti na watu wa karne zilizobadilishwa na Harlan, sisi hatukunyimwa -ngali-. Twaweza kuuliza: wachimbaji wangalielezwa, wangalisema nini? Swali hilo halibadili historia. Hata hivyo, linawarudisha katika simulizi watu walioachwa nje yake, na kazi hiyo mwanafunzi wa fasihi na wa historia anaiweza bila chombo chochote.