Mtoto Aliyefiwa na Mbwa Aambiwe Ukweli

Katika vilima vya Kalama, Machakos, mbwa ni mwenzi wa mtoto kazini. Huandamana naye akichunga mbuzi na akienda kuteka maji, na usiku hulala kando ya zizi. Mbwa akigongwa na pikipiki au akiumwa na nyoka, wakubwa humfukia kimyakimya, kisha mtoto huambiwa, "Simba alitoroka." Nia ni njema, lakini mtoto huzunguka vichakani akimwita, halafu huanza kujiuliza alimkosea nini.

"Amelala" nalo halifai. Mwaka 1948, mwanasaikolojia Maria Nagy alichapisha utafiti wake kuhusu watoto wa Budapest: wengi wa chini ya miaka 5 waliona kifo kama safari au usingizi, yaani aliyekufa anaweza kurudi. Mtoto wa umri huo akiambiwa mbwa amelala, atasubiri aamke, na huenda akaogopa kulala yeye mwenyewe. Mwambie amekufa: mwili wake umeacha kufanya kazi, haumwi tena, hatarudi. Naye alie, hata akiwa mvulana. Usiharakishe kumletea mbwa mwingine; mwache aombe mwenyewe.

Huku kwetu kuna jambo zito zaidi: kichaa cha mbwa. Miaka ya 1990, mtafiti Philip Kitala na wenzake walipowashirikisha wanavijiji wa Machakos kutoa taarifa za ugonjwa huu, walipata visa vingi mno kuliko vilivyokuwa vikirekodiwa. Sasa fikiria mtoto anayempenda mbwa wake. Akiumwa naye, ataficha jeraha kwa sababu anajua wakubwa watamuua rafiki yake. Ukimya huo unaweza kumgharimu maisha, kwani dalili zikishajitokeza kwa binadamu, karibu hakuna anayepona.

Kwa hiyo mbwa akifa baada ya kutokwa na mate, kuuma ovyo au kushindwa kumeza, mkalishe mtoto umuulize kwa upole: alikuuma? Alikulamba penye kidonda? Muahidi kwamba hatagombezwa, na utimize. Jeraha, hata mkwaruzo, lioshwe kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyohiyo achanjwe, na sindano zote zikamilishwe.

Mtoto asiuguse mzoga; mwarifuni afisa wa mifugo. Lakini msimnyime kuaga. Mpeni nafasi asimame mbali kidogo, amtaje mbwa wake kwa jina na kusimulia walivyochunga pamoja, nanyi msikilize mpaka amalize.