Nyota ya Punda: Buruji Isiyo na Mnyama Wake Angani

Katika orodha ya nyota kumi na mbili inayotumiwa na wanajimu wa pwani ya Tanzania, na ambayo wasomaji wa magazeti ya Kiswahili wameizoea kwa muda mrefu, nyota ya kwanza huitwa Punda. Hufuatwa na Ng'ombe, Mapacha, Kaa, Simba, Mashuke, Mizani, Nge, Mshale, Mbuzi, Ndoo na Samaki. Makala hii inafafanua jina hilo la kwanza, kwa kuwa haliafikiani na mapokeo yaliyoizaa orodha yenyewe. Wagiriki walimwona kondoo dume mahali hapo. Waarabu walipaita al-Hamal, yaani mwanakondoo. Punda hayupo. Kweli, mapokeo ya Kigiriki yana punda wawili angani, lakini hao ni nyota mbili hafifu zilizomo ndani ya Kaa, wala hawahusiki na buruji ya kwanza.

Kwamba orodha ilipitia Uarabuni si jambo la kubishaniwa. Mahali ambapo Wazungu husema Bikira, Kiswahili husema Mashuke, tafsiri sahihi ya Sumbula. Mahali ambapo wao humtaja mmwaga maji, Kiswahili hutaja Ndoo, yaani Dalu. Hata Mshale unaeleweka: Kausi ni upinde, na kuutaja mshale badala ya upinde ni uhamisho mdogo wa maana kati ya vitu viwili vinavyokwenda pamoja. Punda peke yake ndiye anayedai maelezo.

Maelezo yanayopendekezwa hapa ni ya kifonolojia. Kiarabu kina maneno mawili yanayokaribiana: ḥamal, mwanakondoo, na ḥammāl, mchukuzi wa mizigo. Tofauti yao imo katika kukazwa kwa konsonanti na urefu wa irabu, sifa mbili ambazo Kiswahili hakizitumii kutofautisha maneno mkopo ya aina hii. Yote mawili yanapotoholewa huwa hamali, yenye mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Msikilizaji wa pwani aliposikia nyota ya Hamali, neno alilokuwa nalo tayari lilikuwa la mchukuzi, si la mwanakondoo. Kutoka mbeba mizigo hadi punda ni hatua moja ya sitiari. Dhana mbadala, kwamba hamali ilichanganywa na himari, haina budi kueleza mabadiliko ya irabu na ya konsonanti ya mwisho kwa pamoja. Inawezekana ilisaidia, lakini ni vigumu kuamini kwamba ndiyo iliyoanzisha.

Mazingira ya Bagamoyo yanaipa dhana hii uzito. Mji huo ulikuwa mwisho wa njia ya misafara ya karne ya 19, na uchukuzi ndio uliokuwa uhai wake. Barani, mbung'o waliwaua wanyama wa mizigo, hivyo pembe za ndovu na vitambaa vilisafiri vichwani mwa watu. Katika mji wa namna hiyo mchukuzi na punda hulinganishwa bila jitihada.

Tukio hili la kiisimu lisingekuwa na uzito kama nyota ingebaki jina tu. Lakini nyota ya mtu huamua mambo. Kwa njia ya abjadi, kila herufi ya Kiarabu ina thamani ya namba. Jina la mtu hujumlishwa na la mama yake, jumla huondolewa kumi na mbili kumi na mbili, na baki ndiyo nyota. Chukua Ali bin Fatuma. Ali ni 70, 30 na 10, jumla 110. Jina la mama likiandikwa kwa imla ya Kiarabu, Fāṭima, ni 80, 1, 9, 40 na 5, jumla 135. Kwa pamoja ni 245, baki 5: Ali ni Simba. Likiandikwa jinsi mama mwenyewe anavyoitwa nyumbani, Fatuma, kwa kuongeza wau yenye thamani ya 6, jumla ni 251, baki 11: Ali ni Ndoo. Te ya mwisho ikihesabiwa 400 badala ya 5, baki ni 4, naye amekuwa Kaa. Mbingu hazikutazamwa hata mara moja. Uchumba unaovunjwa kwa sababu nyota hazipatani huenda umevunjwa na imla.

Njia ya magazeti, inayofuata tarehe ya kuzaliwa na ambayo Sheikh Yahya Hussein, aliyefariki mwaka 2011, aliitangaza kuliko mtu yeyote nchini, haiko karibu zaidi na anga. Mhimili wa dunia huyumba kwa takriban digrii moja kila miaka 72. Aliyezaliwa kati ya Machi 21 na Aprili 20 huambiwa ni Punda, ilhali siku nyingi za kipindi hicho jua huwa mbele ya Samaki.

Kiswahili kina neno kongwe la Kibantu, Kilimia, kwa kundi la nyota ambalo mkulima huliona kwa macho na kulihusisha na majira ya kulima. Kwa upande wa pili, falaki ya pwani imebeba mizigo miwili. Shehe anayekokotoa kibla na nyakati za sala ana falaki, na anayetafutia watu wachumba hupiga falaki. Msomi wa dini hawezi kuzikana buruji, kwani sura ya 85 ya Kurani inaitwa kwa jina hilo; anachokataa ni hukumu zinazotolewa kwazo. Tofauti hiyo, ambayo Kiarabu huitaja kwa istilahi mbili, Kiswahili huiacha ndani ya neno moja.

Kwa hiyo mtunga kamusi hana sababu ya kumfuta Punda wala kumsahihisha kuwa Kondoo. Nyota kama gimba la angani, nyota kama buruji, na nyota ile inayosemwa imefifia au inahitaji kusafishwa, zinastahili fahiwa tatu zilizotengwa. Punda aingizwe chini ya ya pili, pamoja na hamali zote mbili.