Miche Chotara ya Kahawa: Kwa Nini Mbegu ya Kuokota Haiwezi Kuchukua Nafasi Yake

Mkulima wa kahawa anayeamua kung'oa mibuni ya zamani hufanya uamuzi mzito. Mche mpya wa Arabika huchukua takribani miaka mitatu kabla ya kutoa mavuno ya maana, na ukitunzwa vizuri huweza kudumu shambani kwa miongo kadhaa. Kosa linalofanyika siku ya kupanda halionekani siku hiyo. Hujitokeza miaka kadhaa baadaye, wakati gharama na jasho vimekwisha kutumika. Kwa sababu hiyo, ni muhimu mkulima aelewe miche chotara ni nini, hupatikanaje na kwa nini haizalishwi kwa mbegu zinazookotwa chini ya mibuni.

Magonjwa mawili, gharama moja kubwa

Chanzo cha jitihada za kuboresha kahawa nchini ni magonjwa mawili yanayosababishwa na kuvu. La kwanza ni chulebuni, linaloozesha matunda machanga. Ugonjwa huu ulitambuliwa kwa mara ya kwanza nchini Kenya mwaka 1922, na usipodhibitiwa katika maeneo ya miinuko yenye baridi na mvua nyingi huweza kuangamiza hadi asilimia 80 ya mavuno. La pili ni kutu ya majani, inayoonekana kama unga wa rangi ya chungwa upande wa chini wa jani. Majani hupukutika, na mbuni hukosa nguvu ya kuzaa msimu unaofuata.

Aina za zamani kama N39 na KP423 zinasifika kwa ladha, lakini hazina kinga ya kutosha dhidi ya magonjwa hayo. Mkulima hulazimika kunyunyizia viuakuvu mara kadhaa kila msimu. Bei ya kahawa inaposhuka, gharama hiyo humeza faida yote.

Udhaifu ulioanzia kwenye asili

Arabika ilitokana na kukutana kiasili kwa spishi mbili za kahawa, mojawapo ikiwa ni Robusta. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2024 ulikadiria kwamba tukio hilo lilitokea takribani miaka 610,000 iliyopita. Kwa kuwa Arabika hujichavusha yenyewe, na mashamba mengi duniani yalitokana na miche michache iliyosafirishwa kutoka nchi moja hadi nyingine, mibuni hiyo imebaki kufanana mno kivinasaba. Ugonjwa unaoweza kuushinda mbuni mmoja huweza kulishinda shamba zima.

Kinga ilibidi itafutwe kwingine. Chanzo kimoja ni Rume Sudan, Arabika ya asili kutoka uwanda wa Boma, katika nchi ambayo leo ni Sudan Kusini. Kingine ni chotara cha Timor, kilichotokea chenyewe katika kisiwa cha Timor baada ya Arabika kuchavushwa na Robusta. Vyanzo hivyo vimetumiwa na watafiti wa Afrika Mashariki, na aina ya Ruiru 11, iliyotolewa nchini Kenya mwaka 1985, ni mojawapo ya matunda ya kazi hiyo.

Kazi ya miaka mingi

Nchini Tanzania, jukumu hili ni la Taasisi ya Utafiti wa Kahawa Tanzania (TaCRI), iliyoanza kazi mwaka 2001 na yenye makao yake makuu Lyamungo, mkoani Kilimanjaro, ambako utafiti wa kahawa ulianza mwaka 1934. Aina chotara za kwanza za taasisi hiyo ziliidhinishwa mwaka 2005.

Uzalishaji wa chotara huanzia kwenye ua. Mtafiti huondoa sehemu za kiume kabla ua halijafunguka, hulipaka chavua ya mzazi mwingine, kisha hulifunika ili chavua nyingine isiingie. Miche inayotokana na mbegu hizo hupimwa ingali midogo kwa kunyunyiziwa vimelea vya chulebuni. Inayostahimili hupandwa katika maeneo mbalimbali, ikapimwa mavuno, ukubwa wa punje na ladha kwa miaka mingi.

Njia hiyo ni uchavushaji wa kuchagua wazazi. Si uhandisi jeni, ambao huingiza au kubadilisha jeni moja kwa moja katika maabara. Kwa hiyo si sahihi kuziita aina hizi kahawa ya GMO.

Kwa nini vikonyo, si mbegu

Mbuni chotara hubeba mchanganyiko wa vinasaba vya wazazi tofauti. Ukizaa, mchanganyiko huo hugawanyika upya katika kila mbegu: mche mmoja hupata kinga, mwingine huikosa. Kwa macho, yote hufanana kitaluni, na tofauti hubainika ugonjwa unapoingia shambani.

Ili mche uwe nakala kamili ya mama yake, huzalishwa kwa vikonyo kutoka bustani mama, kwa kubebesha, au kwa chupa katika maabara. Vikonyo huchukuliwa kwenye machipukizi yaliyosimama wima, kwa kuwa yale ya matawi ya pembeni hutoa mche unaotambaa badala ya kusimama.

Mambo ya kuzingatia

Mkulima anashauriwa kununua miche katika vitalu vinavyotambuliwa na TaCRI au halmashauri, kuuliza jina la aina na kutunza stakabadhi. Hahitaji kung'oa shamba lote kwa pamoja. Anaweza kubadilisha sehemu kwa sehemu ili familia isikose kipato wakati miche mipya inakua.

Ikumbukwe pia kwamba kinga hii inahusu chulebuni na kutu ya majani pekee. Ruhuka na bungua weupe hushambulia chotara kama wanavyoshambulia mibuni mingine, hivyo kupogolea, kuweka mbolea na kukagua shamba mara kwa mara ni lazima. Mche bora humpunguzia mkulima gharama ya viuakuvu, lakini haumwondolei wajibu wa kulitunza shamba lake.