Mkopo milioni 60, malipo milioni 158! Umepiga hesabu kabla ya kusaini?

Wiki hii naomba tuyaweke kando mambo ya mapenzi na mitindo, tuongee habari ya nyumba. Usigeuze ukurasa, nisikilize kwanza. Maana mwezi uliopita kilichotaka kuvunja ndoa ya dada yangu haikuwa nyumba ndogo, ilikuwa nyumba yenyewe!

Ilikuwa hivi. Jioni moja shemeji yangu alirudi kazini na bahasha ya kaki kwapani, uso umemchanua kama bwana harusi. Ndani ya bahasha mlikuwa na fomu za benki moja hapa Dar (jina nalihifadhi) na picha ya nyumba ya vyumba vitatu huko Kigamboni. Bati la msauzi, vigae chini, geti jeusi, bomba ile mbaya. Bei shilingi milioni 70. Yeye na dada walikuwa na akiba ya milioni 10, benki ingetoa milioni 60 zilizobaki, nao wangelipa kwa miaka 15 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka. Rejesho la kila mwezi Sh 881,220.

"Shem, kuanzia sasa mwenye nyumba hatujui," akaniambia huku akinipiga bega. "Hela tuliyokuwa tunampa yeye tunajipa wenyewe."

Kasheshe ilianza pale dada alipoonyeshwa sehemu ya kuweka sahihi. Kwa wasiojua, Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema nyumba ya wanandoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi. Kwa hiyo bila sahihi ya dada hakuna mkopo. Dada ni muuguzi, mtu wa kusoma maandishi madogo kwenye chupa za dawa, akashika kalamu halafu akaiweka chini.

"Baba watoto, mpaka tunamaliza tutakuwa tumelipa shilingi ngapi?"

"Si laki nane na themanini?"

"Hiyo ya mwezi. Mimi nauliza jumla."

Kimya. Shemeji hakuwa na jibu, na katika fomu alizokuja nazo jumla haikuwemo. Ndipo nikaitwa mimi, eti msomi wa nyumba. Hesabu kidato cha nne nilipata D, lakini kuzidisha kwa simu hakuhitaji cheti. Mara miezi 180, simu ikatema jibu: Sh 158,619,600. Shemeji akaninyang'anya simu akapiga mwenyewe. Jibu likawa lile lile.

Milioni 60 wanazokopa zinarudi benki zikiwa karibu milioni 159. Yaani riba peke yake ni milioni 98 na ushee. Kwa hela hiyo unaongeza nyumba nyingine ya Kigamboni na chenji ya gari mtumba inabaki.

HELA INAKWENDA WAPI?

Sasa msomaji, usikimbilie kusema benki ni wezi. Hata mimi nilisema hivyo usiku ule, mpaka nilipokaa na rafiki yangu mmoja anayefanya kazi ya uhasibu akanifungua macho. Riba ile inapigwa kwenye deni lililobaki, na wala si siri. Tatizo ni kwamba mwanzoni deni lililobaki ni karibu lote.

Angalia mwezi wa kwanza. Asilimia 16 kwa mwaka, gawa kwa miezi 12, piga kwenye milioni 60. Unapata laki nane kamili. Hiyo ni riba ya mwezi mmoja tu! Ukipeleka Sh 881,220 zako, laki nane zinaliwa na riba, na Sh 81,220 ndizo zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni ni Sh 59,918,780, riba inashuka kiduchu, wewe unapunguza elfu themanini na mbili na kitu. Ndivyo unavyokwenda, mwendo wa kinyonga.

Jambo lililomtoa jasho shemeji ni hili. Baada ya miaka 5 ya kulipa bila kukosa hata mwezi mmoja, watakuwa wametoa Sh 52,873,200. Na deni litakuwa limebaki kiasi gani? Milioni 52 na laki sita! Nimerudia hesabu hii mara nne maana na mimi sikuamini. Miaka mitano ya kujinyima soda, na deni la milioni 60 limepungua milioni saba na nusu tu, hata hazifiki. Baada ya miaka 10 wametoa zaidi ya milioni 105, na bado wanadaiwa milioni 36.

Hapo ndipo penye hatari ambayo wengi hatuioni. Tukiwaza mkopo tunawaza mwaka wa 15, tumeshika hati mkononi tunacheka. Hatuwazi mwaka wa nne, mmoja akipunguzwa kazi au akiugua. Ukilazimika kuuza nyumba mwaka huo, hela ya mnunuzi inaanza kulipa benki, wewe unapata kinachobaki kama kipo. Wapo watu waliolipa miaka kadhaa wakaondoka na masanduku yao.

BABA MKUBWA NA MKOPO WA ZAMANI

Shemeji hakukubali kushindwa kirahisi. Jumapili akamwita baba mkubwa aje kusuluhisha. Mzee yule ana nyumba aliyojenga kwa mkopo wa Benki ya Nyumba Tanzania, ile THB, miaka ya 80. Akaja na bakora yake, akanywa chai, akatuambia, "Wanangu, mnaogopa nini? Mimi nilikopa, nililipa, wala sikuhisi. Miaka ya mwisho lile rejesho lilikuwa hela ya sigara."

Shemeji akanitazama kwa jicho la ushindi. Na mimi nilitaka kunywea, mzee hasemi uongo. Ila kuna kitu hakukisema. Sehemu kubwa ya miaka ya 80 bei za vitu nchini zilikuwa zinapanda kwa karibu asilimia 30 kila mwaka. Shilingi ilikuwa inayeyuka kama barafu ya ukwaju juani. Mshahara kwenye karatasi unapanda, bei ya sukari inapanda, lakini deni lako limesimama pale pale lilipoandikwa, basi baada ya miaka michache linakuwa dogo lenyewe. Waliokopa walinufaika, benki ndiyo iliyoumia. THB yenyewe ilifungwa mwaka 1995, na kwa miaka mingi baada ya hapo mkopo wa nyumba wa muda mrefu ukawa hadithi kwa mfanyakazi wa kawaida. Mambo yalianza kuchangamka tena baada ya sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008, na ile kampuni ya TMRC iliyoanzishwa mwaka 2010 ili mabenki yapate pesa za muda mrefu za kukopesha.

Leo hali imegeuka. Miaka ya karibuni mfumuko wa bei kwetu umekuwa kama asilimia 3 au 4, wakati riba za mikopo ya nyumba mara nyingi zimekuwa kati ya asilimia 15 na 19. Deni haliyeyuki tena lenyewe, unalibeba na uzito wake wote. Nilipomweleza baba mkubwa akakuna kichwa akasema, "Kumbe mimi nilibahatika." Mzee muungwana sana yule.

MIAKA MINGI SI NAFUU

Dada akaniomba nipige hesabu za miaka tofauti, maana afisa wa benki alikuwa amemnong'oneza shemeji kwamba akiona rejesho zito anaweza kuchukua miaka 20. Inasikika kama nafuu, sivyo? Kwa miaka 20 rejesho linashuka kutoka Sh 881,220 hadi Sh 834,753. Unapona elfu arobaini na sita na kitu kwa mwezi, hela ya vocha na chipsi. Lakini jumla inakuwa zaidi ya milioni 200! Umeokoa hela ya chipsi, umeongeza milioni 41.

Geuza upande wa pili. Mkopo huo huo kwa miaka 10, rejesho ni Sh 1,005,079. Linauma, kama laki moja na robo zaidi kila mwezi. Ila jumla inashuka hadi milioni 120 na laki sita. Milioni 38 zimebaki mfukoni kwako na miaka mitano ya uhuru juu yake.

Na kama huna uhakika wa laki hiyo kila mwezi? Saini miaka 15, halafu kila ukiweza ongeza laki moja, na uiandikie benki kwamba hiyo ni ya kupunguza deni la msingi, si rejesho la mwezi ujao. Ukiweza kuongeza kila mwezi bila kukosa, unamaliza kwenye mwezi wa 128 badala ya 180, na riba inapungua kama milioni 33. Ila uliza kwanza kama benki yako inatoza faini ukilipa mapema, zipo zinazotoza. Na usiulize kwa mdomo, uonyeshwe kwenye mkataba.

Kingine cha kuulizwa ni riba yenyewe. Je, imefungwa miaka yote au inaweza kupanda? Kwenye mkataba wa shemeji, ukurasa wa saba, maandishi kama ya sisimizi, ilikuwemo kwamba benki inaweza kuibadilisha. Ingekuwa asilimia 18 tangu mwanzo, rejesho lingekuwa Sh 966,252. Yaani elfu themanini na tano zaidi kila mwezi kwa sababu ya asilimia mbili!

Na ole wako ukutane na mkopeshaji anayepiga riba juu ya deni lote la mwanzo kila mwaka, hata kama umeshalipa nusu. Asilimia 16 ya namna hiyo kwa milioni 60, miaka 15, ni riba ya milioni 144. Neno ni lile lile "asilimia 16", lakini mkopo mwingine kabisa. Hapo mwenzangu chukua viatu vyako.

Gharama ndogo ndogo sitazimaliza. Mthamini anataka chake, mwanasheria chake, benki ada ya kushughulikia mkopo, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto. Ukiingia ndani kuna kodi ya ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu 2021 inakatwa kwenye LUKU. Bati likivuja hakuna mwenye nyumba wa kumpigia simu, mwenye nyumba ndiye wewe.

"SASA TUKAE KWA KUPANGA MPAKA TUZEEKE?"

Hilo ndilo shemeji aliloniuliza kwa ukali, na alikuwa na haki. Hapo Tabata wanalipa laki tatu na nusu kwa mwezi, tena kwa miezi sita sita. Kwa miaka 15 hiyo ni milioni 63, na hapo tunajidanganya kwamba kodi haitapanda. Mwisho wake unabaki na risiti.

Dada akasema tofauti ya rejesho na kodi, ile laki tano na kitu, wainunulie tofali wajenge kidogo kidogo kwenye kiwanja chao cha Chanika. Kwenye karatasi ni wazo zuri, kwa miaka 15 ni kama milioni 95. Lakini mimi nawajua hawa watu! Hela ya tofali ikikaa ndani ya nyumba inaliwa na harusi ya mtoto wa jirani, na msiba wa kijijini, na mimi mwenyewe nimeila mara mbili. Benki angalau haiombeki.

Siku tatu hawakusemeshana. Shemeji akawa analalamika kwa jirani kwamba mke wake anaongozwa na mdogo wake. Nikaanza hata kutafuta pa kuhamia.

Alhamisi wakaenda benki wote wawili. Dada akaomba jedwali la marejesho, mwezi kwa mwezi, kuanzia wa 1 hadi wa 180. Afisa hakubisha, alibonyeza vitufe, mashine ikachapa dakika hiyo hiyo. Kumbe muda wote lilikuwepo, hakuna aliyeliuliza! Shemeji akalisoma kimya mpaka mstari wa 60, akaliona lile salio la milioni 52. Akauliza mwenyewe, "Na tukikopa 45 kwa miaka kumi?"

Rejesho likatoka Sh 753,809. Dogo kuliko lile la kwanza! Jumla milioni 90 na nusu badala ya 158. Ila ili wakope 45 lazima wapate milioni 15 nyingine za kuanzia, na kitu pekee cha kuuza ni kile kiwanja cha Chanika, ambacho shemeji alikinunua hata kabla hajamuoa dada.

Kibao cha "Kiwanja kinauzwa" kimekaa pale wiki ya tatu sasa. Dalali mmoja amefika bei ya milioni 11, shemeji kakataa. Mwenye nyumba ya Kigamboni kasema atasubiri mpaka mwisho wa mwezi. Dada bado ana kalamu yake kwenye mkoba, na shemeji ameanza kunisalimia asubuhi, ingawa bado anaiweka simu yake mbali na mimi.