Je, Wajua? Reli Mbili Chini ya Milima ya Uluguru

Je, wajua kwamba treni imekuwa ikifika Morogoro kwa zaidi ya miaka 115? Wakati wa ukoloni, Wajerumani walianza kujenga Reli ya Kati jijini Dar es Salaam mwaka 1905, na mwishoni mwa 1907 ilikuwa imeshafika Morogoro. Ilifika Tabora mwaka 1912, na Kigoma mwaka 1914.

Je, wajua kwamba mkoani Morogoro reli zenye vipimo tofauti hukutana? Reli ya Kati ina upana wa milimita 1,000, ilhali reli ya Tanzania na Zambia (TAZARA) ina milimita 1,067. Kwa sababu hiyo, behewa la upande mmoja haliwezi kuendelea upande wa pili. Shehena huhamishwa Kidatu, kwenye tawi la reli linaloanzia Kilosa.

Je, wajua kwamba ujenzi wa reli ya kisasa (SGR), yenye upana wa milimita 1,435, ulianza mwaka 2017? Treni za abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro zilianza Juni 14, 2024, na Julai mwaka huohuo zikafika Dodoma. Zinaendeshwa kwa umeme, na zimesanifiwa kufikia kilomita 160 kwa saa.

Reli hii ni mali yetu sote. Ukiona mtu anakata uzio au kuiba nyaya, usinyamaze: toa taarifa mara moja, maana unaokoa maisha ya abiria.